Kabla ya Kuwa Simba wa Vita

Ndugu msikilizaji, naomba uvute kiti karibu na redio maana mazungumzo ya leo yanaanzia kwenye kikombe cha kahawa.

Nilikuwa nimekaa jioni moja kwenye baraza la kahawa, pale Kariakoo, karibu na Mtaa wa Mkunguni. Unayajua mabaraza yetu. Mtu akija na habari ya bei ya sukari, kabla hajamaliza kashata yake mazungumzo yameshafika Marekani. Jioni ile yalifika Ukraine. Kijana mmoja, fundi wa simu, alikuwa akitueleza habari za Rais wa nchi hiyo, Volodymyr Zelensky. Akatuambia kwamba huyu bwana alikuwa mchekeshaji na mwigizaji, na kwamba kwenye mchezo wa televisheni ulioanza mwaka 2015 aliigiza mwalimu wa shule anayejikuta amekuwa rais. Mwaka 2019 wananchi wakampigia kura akawa rais kweli. Kijana akahitimisha, "Wenzetu wameendelea, wazee wangu. Huku kwetu mwigizaji akagombee wapi?"

Mzee mwenzangu akamkumbusha Ronald Reagan wa Marekani, aliyecheza filamu za Hollywood kabla ya kuapishwa kuwa rais mwaka 1981. Mwingine, mpenzi wa sinema za Kihindi tangu enzi za Empire na Avalon, akamtaja M. G. Ramachandran, mwigizaji aliyekuwa Waziri Mkuu wa jimbo la Tamil Nadu mwaka 1977. Mimi nikaweka kikombe chini. Nikawaambia, "Wote hao wamekuja nyuma yetu. Sisi mwigizaji wa sinema alikuwa Waziri Mkuu wetu mwaka 1962."

Wakacheka. Kijana akasema, "Mzee, shikamoo, lakini hapo umetupiga kamba."

Sikumpiga kamba, ndugu msikilizaji. Mtu ninayemsema ni marehemu Mzee Rashidi Mfaume Kawawa, yule tuliyemwita Simba wa Vita, ambaye jina lake limebandikwa kwenye barabara inayokatisha Magomeni, na kila siku maelfu ya watu wanapita juu yake bila kujua kwamba kabla ya siasa alikuwa uso wa kwanza wa Mtanganyika kujulikana kwenye filamu za Kiswahili.

Kijana hakukubali. Tukawekeana dau la kahawa ya wiki nzima. Asubuhi yake nikaondoka kwenda kutafuta ushahidi.

Nilikwenda kwanza kwa kijana mwenye kibanda cha filamu, mmoja wa wale ambao zamani waliuza kanda, halafu wakauza sidii, na siku hizi wanakuingizia filamu kwenye simu au flashi. Nikamwuliza, "Unayo Muhogo Mchungu?" Uso ukamng'aa. "Zipo nyingi, mzee! Unataka ipi?" Akaanza kunionyesha filamu za yule mchekeshaji wetu mashuhuri wa televisheni na Bongo Movie anayeitwa kwa jina hilohilo. Nikamwambia hapana, mwanangu, mimi sitafuti mtu, natafuta filamu. Filamu ya zamani, ya mwanzoni mwa miaka ya 1950, na aliyeigiza ni Kawawa. Akanitazama kwa huruma. "Kawawa wa barabarani?" Nikamwambia huyohuyo. Akaniita tena kwa heshima kubwa, "Mzee," halafu akanionyesha kwa kidole upande wa soko. "Muhogo mchungu wa zamani labda uulize kule kwa akinamama wa unga."

Vibanda vinne nilivyokwenda baadaye, majibu yalikuwa ya namna hiyohiyo. Hakuna aliyekuwa nayo, na hakuna aliyepata kuisikia. Ndiyo maana leo nimeona tuzungumze.

Tuanze na filamu yenyewe ilivyotokea. Wazungu waliotutawala waligundua mapema kwamba sinema ni mwalimu asiyehitaji mwanafunzi anayejua kusoma. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri kwenye milima ya Usambara, palikuwa na mradi wa kutengeneza filamu kwa ajili ya Waafrika wa nchi hizi. Mojawapo ya filamu zao za mwanzo ilihusu Benki ya Akiba ya Posta: anayefukia fedha zake chini ya nyumba anaibiwa, anayeziweka posta anasalimika. Ndivyo zilivyokuwa. Kila filamu ilikuja na fundisho lake mkononi, kama dawa inavyokuja na kijiko.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya kikoloni ya Tanganyika ikafanya jambo jipya. Iliingia mkataba na kampuni ya Johannesburg, African Film Productions, itengeneze filamu za hadithi za Kiswahili, zichezwe na Waafrika na zipigwe hapahapa nchini. Tafakari kidogo, msikilizaji. Afrika Kusini wakati ule ilikuwa imekwisha kuingia katika ubaguzi uliotangazwa kuwa sera ya nchi mwaka 1948. Kwa hiyo filamu zetu hizo za hadithi zilitengenezwa na kampuni kutoka nchi ya Makaburu, kwa fedha za Mwingereza, na kilichokuwa chetu ni lugha na sura za watu.

Sura iliyojulikana kuliko zote ilikuwa ya kijana mmoja mtumishi wa serikali. Alikuwa amezaliwa mwaka 1926 Matepwende, katika Wilaya ya Namtumbo ya leo, mkoani Ruvuma. Alisoma Tabora, shule ile iliyotoa viongozi wengi wa nchi hii, kisha akaingia kazi ya ukarani, na baadaye akahamia katika idara ya maendeleo ya jamii, upande wa sinema. Huko ndiko Rashidi Kawawa alikoanza kuigiza. Alicheza katika filamu kadhaa, na iliyojulikana zaidi ni hiyo Muhogo Mchungu. Humo yeye ni mshamba. Ni mtu wa shamba anayekuja mjini bila kujua ujanja wa mji, na mji unamfanyia vile mji unavyowafanyia wageni.

Filamu hizo hazikuwa za kukata tiketi Empire tu. Serikali ilikuwa na magari ya sinema. Gari likifika, shuka jeupe linafungwa kwenye nguzo mbili, jenereta linaanza kunguruma, na uwanja mzima unajaa. Marehemu mjomba wangu, aliyekuwa mchukuzi wa mizigo hapa Kariakoo, alipata kuniambia kwamba watoto na wachelewaji walikaa nyuma ya shuka na kuiona picha kinyumenyume, anayeandika kwa mkono wa kulia anaonekana wa kushoto. Na hakuna aliyelalamika, maana ilikuwa bure.

Mjomba alimwona yule mshamba kwenye shuka, akacheka mpaka akalia. Na yeye mwenyewe alikuwa ametoka shamba, hajamaliza hata mwaka mjini! Lakini ndivyo tulivyo. Mshamba wa jana ndiye anayemcheka zaidi mshamba wa leo. Nani kati yetu wa Kariakoo si mshamba? Hata jina lenyewe la mtaa wetu linatokana na wale wapagazi wa jeshi la Waingereza wa Vita Kuu ya Kwanza, Carrier Corps, watu waliotolewa vijijini kubeba mizigo ya vita isiyowahusu. Kambi yao ndiyo iliyotupa jina.

Sasa fundisho la Muhogo Mchungu lilikuwa nini? Ukiitazama filamu hiyo pamoja na sheria za wakati wake, jibu halihitaji darubini. Serikali ya kikoloni ilikuwa inahangaishwa na vijana waliomiminika Dar es Salaam. Mwaka 1944 ilikuwa imetunga sheria ya kuwaondoa mijini Waafrika waliohesabiwa kuwa hawatakiwi. Wasio na kazi walikamatwa na kurudishwa makwao, na kwa jina la jumla waliitwa wahuni. Basi mchana askari anakuambia urudi kwenu, na usiku sinema inakuambia mji ni mchungu. Sheria ilikuwa fimbo, sinema ikawa nasaha, na zote mbili zilikuelekeza njia moja, ya kurudi shamba.

Kijana Kawawa aliisema nasaha hiyo kwa sauti yake na kwa sura yake. Alikuwa mtumishi na alifanya kazi aliyopewa. Wakati wa vita vya Mau Mau vya Kenya alipelekwa Urambo kufanya kazi miongoni mwa Wakikuyu waliokuwa wamezuiliwa huko. Hiyo nayo ilikuwa kazi ya serikali.

Lakini binadamu si shuka jeupe, msikilizaji, kwamba kila anayekuja na mashine yake anaangaza picha aitakayo na wewe ukae kimya. Kijana huyu aliyekuwa akizunguka na kazi za serikali alikuwa pia anaona na kusikia. Aliongoza chama cha watumishi Waafrika wa serikali. Mwaka 1955 vyama vya wafanyakazi vilipoungana kuunda Shirikisho la Wafanyakazi wa Tanganyika, TFL, yeye ndiye aliyechaguliwa kuwa katibu mkuu wake wa kwanza. Akauacha utumishi wa serikali. Akaingia TANU, chama kilichozaliwa tarehe 7 Julai 1954 hapahapa kwetu, katika mtaa ulioitwa New Street, ambao leo ni Lumumba.

Mjomba alikuwa na namna yake ya kuielezea siku aliyomwona jukwaani, Mnazi Mmoja. Alisema watu walikuwa wamebanana, akapanda kijana mfupi, na kabla hajafungua mdomo mtu wa nyuma akapaza sauti, "Yule si mshamba wa sinema?" Uwanja ukacheka. Na yule kijana, mjomba alisema, naye akacheka, halafu akaanza kuzungumza juu ya mishahara ya wafanyakazi, na kicheko kikaisha chenyewe. "Tangu hapo," mjomba alisema, "hakuna aliyemwita mshamba tena."

Nimelitafakari sana tukio hilo dogo. Wakoloni walimtoa kijana huyu kwenye ofisi wakamweka mbele ya mashine wamtumie kusema maneno yao. Hawakujua kwamba wanamfundisha kazi. Walimfundisha namna ya kuwasemesha watu mia tano kwa mara moja na namna ya kuitumia sauti. Juu ya yote wakampa sura inayojulikana kabla hajaomba kura hata moja. Reagan na Zelensky walilipwa na umaarufu wa namna hiyo baadaye. Wetu alitangulia.

Nchi ikapata uhuru tarehe 9 Desemba 1961. Wiki sita tu baadaye, tarehe 22 Januari 1962, Mwalimu Nyerere akajiuzulu uwaziri mkuu ili akaijenge TANU, na kiti chake akakikalia Rashidi Kawawa, mwenye umri wa miaka 35. Mshamba wa Muhogo Mchungu akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika! Reagan alikuwa bado miaka mitano hajawa hata gavana wa California. Zelensky alikuwa bado hajazaliwa. Nilimwambia hivyo yule kijana wa simu, na kahawa ya wiki akainunua.

Lakini kama ningeishia hapo, mazungumzo haya yangekuwa ya kujisifu tu, na kujisifu hakumsaidii mtu. Lipo jambo zito zaidi.

Mwigizaji huyu alipita zama nyingi. Ilikuwapo zama ya mkoloni, ikaja ya uhuru, na kwenye kila zama alipewa nafasi mpya ya kuicheza. Katibu wa wafanyakazi aliyekuwa akitetea haki ya kugoma akawa Waziri Mkuu, na mwaka huohuo wa 1962 serikali yake ikapitisha sheria iliyoubana mgomo mpaka ukakaribia kuwa haramu. Mwaka 1962 ndio pia uliotuletea sheria ya kuweka watu kizuizini bila mashtaka. Mwaka 1964, yeye akiwa Makamu wa Rais, lile shirikisho alilolilea likavunjwa, ikaundwa NUTA chini ya mbawa za chama na serikali. Waliomtetea walisema nchi changa haiwezi kujengwa kwa migomo. Waliomlaumu walisema amesahau alikotoka. Mimi leo sikuja kuamua kesi hiyo.

Wala si yote yalikuwa machungu. Januari 1967 ni yeye, akiwa Makamu wa Pili wa Rais, aliyetoa agizo kwamba shughuli za serikali ziendeshwe kwa Kiswahili. Leo mama wa Tandamti anapoandikiwa barua na ofisi ya serikali akaielewa bila kumwita mkalimani, sehemu ya shukrani iende kwa yule kijana aliyeanza kwa kuigiza kwa Kiswahili. Na yule aliyepigwa picha na kampuni ya nchi ya Makaburu alikuwa katika uongozi wa serikali iliyoifanya Dar es Salaam kuwa makao ya Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika tangu mwaka 1963. Kibao kilipinduka, na wenye kampuni sidhani kama walikitazamia.

Lakini tazama hili. Mwaka 1972 Mzee Kawawa aliteuliwa tena kuwa Waziri Mkuu, akakaa mpaka mwaka 1977. Hiyo ndiyo miaka ya Operesheni Vijiji. Novemba 1973 Mwalimu alitangaza kwamba kuishi vijijini sasa ni amri, na mpaka mwisho wa mwaka 1976 kila mtu wa shamba awe kwenye kijiji. Kwa watu wa mjini nao wimbo ulikuwa uleule: asiye na kazi arudi shamba akalime. Katikati ya miaka ya 1970 palikuwa na operesheni za kuwaondoa Dar es Salaam wasio na kazi, na mwaka 1983 ikaja Nguvu Kazi. Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoanzishwa mwaka 1968, ikatengeneza filamu ya Fimbo ya Mnyonge, kuyasifu maisha ya vijiji vya ujamaa.

Umeona, msikilizaji? Mtengeneza filamu alibadilika. Bendera ikabadilika. Sababu zikabadilika pia, na nisizichanganye. Mkoloni alitaka mji wake usichafuke, Mwalimu alitaka mnyonge asinyonywe, na hizo si nia moja. Lakini kwa yule mtu aliyeshika mfuko wake pale Kariakoo, neno lililomfikia sikioni lilikuwa lilelile alilolisikia mwaka 1952. Mji si wako. Rudi ulikotoka.

Mjomba wangu aliyecheka kwenye shuka aliipata zamu yake. Katika operesheni mojawapo ya miaka ile, asubuhi moja alikosa kuonyesha kitambulisho cha kazi, maana mchukuzi wa mizigo anapewa na nani kitambulisho? Akapakiwa kwenye lori na wenzake, akashushwa mahali ambapo hapakuwa kwao wala hakuwa na ndugu. Akakaa miezi mitatu. Siku ya nne ya kurudi kwake alikuwa sokoni amebeba gunia. Nilimwuliza, mjomba, hukuogopa kurudi? Akanijibu, "Nirudi wapi? Mimi nilikuwa nimeondolewa, nikaja nyumbani."

Hakuwahi kumsema vibaya Mzee Kawawa. Alimpenda mpaka mwisho. Alisema, "Yule alikuwa mwenzetu." Lakini kila ilipotajwa ile filamu alitikisa kichwa na kusema kwamba miaka ile walimcheka mtu wa kwenye shuka bila kujua kwamba wanajicheka wenyewe.

Na mshamba hajafa. Alipotoweka kwenye shuka la serikali akahamia kwenye vichekesho vyetu. Mzee Small, aliyefariki mwaka 2014, na King Majuto wa Tanga, aliyefariki mwaka 2018, walituchekesha miaka mingi kwa mtu wa shamba aliyebabaishwa na mji, au kwa mtu wa mji aliyejidai mjanja akazidiwa na mshamba. Hapo pana tofauti nzuri. Mchekeshaji wetu, akiachwa huru, mara nyingi humpa mshamba ushindi mwishoni. Filamu yenye kazi ya kumrudisha shamba haiwezi kumpa.

Mzee Kawawa aliendelea kuhudumu. Alikuwa Waziri wa Ulinzi wakati wa vita vya Kagera, na Katibu Mkuu wa CCM kuanzia mwaka 1982 mpaka 1990. Aliuona mfumo wa vyama vingi ukirudi mwaka 1992. Aliona pia soko huria likiwaruhusu machinga kupanga bidhaa kwenye njia zilezile ambazo zamani walifukuzwa, ingawa na wao wamefukuzwa na kurudi mara nyingi. Alifariki dunia Muhimbili tarehe 31 Desemba 2009, na nchi ikamzika kwa heshima zote alizostahili.

Uigizaji wake tunautaja kwa mstari mmoja, kama tunavyotaja kwamba mtu fulani utotoni alicheza mpira. Nadhani tunaona haya kidogo. Filamu zilikuwa za mkoloni, zilimdhihaki mtu mweusi wa shamba, basi tunaona afadhali zikae kimya huko ziliko.

Hapo ndipo ninapotofautiana nanyi. Mimi mwenyewe Muhogo Mchungu sijapata kuiona, na nataka kuiona. Nataka niione Dar es Salaam ya mjomba, barabara zake na mavazi ya watu wake. Nataka nimwone kijana wa miaka ishirini na kitu ambaye hajajua kwamba atakuwa Waziri Mkuu. Na nataka vijana wa Kariakoo waione, wale wanaofukuzwa njiani leo na wale wanaowafukuza, wajue kwamba mabishano yao yana umri gani. Taifa linalotunza hotuba za viongozi wake na kupoteza sinema zao limetunza nusu ya kumbukumbu, tena nusu ile ambayo viongozi wenyewe waliichagua.

Wenye dhamana ya nyaraka na filamu za nchi hii, nawasemesheni kwa adabu. Zitafuteni filamu zile zote alizocheza Mzee Kawawa, popote nakala zilipo, ndani na nje. Mkizipata msizifungie kabatini. Leteni shuka jeupe Mnazi Mmoja usiku mmoja, karibu na Ukumbi wa Arnautoglo, muonyeshe bure kama zamani. Tuwape watoto nafasi ya kukaa nyuma ya shuka. Mtu asimame aeleze filamu ilitengenezwa na nani, kwa faida ya nani, halafu tuachwe tucheke na tubishane wenyewe.

Yule kijana wa kibanda aliyenielekeza kwa akinamama wa unga hakunipoteza, ndugu msikilizaji. Nilikwenda. Nikamkuta mama mmoja wa Kusini, nikamwuliza kama muhogo mchungu unafaa kitu. Akanishangaa. "Baba, wewe umekulia wapi? Muhogo mchungu hautupwi. Ukiula mbichi utakuua. Lakini unaumenya, unauloweka, unauanika juani, unautwanga, na huo ndio unga wako. Nguruwe hawaugusi shambani, kwa hiyo mwaka wa njaa ndio unaokuokoa."

Nilinunua kilo mbili. Mpaka wiki ijayo, kwaheri.